Herbert Lom: daktari wa akili aliyegeuka mgonjwa

Filamu ya vichekesho ya The Pink Panther Strikes Again ya mwaka 1976 inaanzia hospitali ya wagonjwa wa akili. Dreyfus, aliyekuwa bosi wa polisi Paris, amelazwa humo kwa sababu ya mtu mmoja tu, Inspekta Clouseau, aliyemtibua akili kwa ujinga wake usio na mwisho. Siku hiyo Dreyfus anaelekea kuruhusiwa. Anaongea taratibu, anatabasamu kwa kipimo, suti imemkaa vizuri. Clouseau anafika, tena amekuja kwa nia njema kabisa, wanakaa kwenye benchi kando ya maji, na baada ya dakika chache Dreyfus yuko majini na ruhusa imeota mbawa.

Wengi hukumbuka kelele za Peter Sellers, anayemcheza Clouseau, katika tukio hilo. Ukirudia kulitazama, mfuate Dreyfus peke yake, na zima sauti ukiweza. Anayemcheza ni Herbert Lom, Mcheki wa Praha, na utaona kwamba hafanyi kichekesho hata kimoja. Anamcheza mtu anayejitahidi kubaki mzima. Uso unakuwa mpole, kisha unaganda. Pumzi inakatika kidogo. Jicho linaanza kucheza. Kicheko kinachotoka mwishoni hakina furaha ndani yake. Kila hatua inasubiri iliyotangulia ikamilike, na Sellers asingechekesha nusu ya anavyochekesha kama angekosa mtu wa kuumia kwa dhati namna ile.

Lom alikuwa mwigizaji wa aina ambayo watazamaji wetu hawajaipa jina zuri. Si steringi, na si "adui" peke yake. Ni yule ambaye sura yake unaijua kutoka filamu kumi na jina lake hulikumbuki. Kazi yake kwenye sinema za kimataifa ilianza mwaka 1940 na ikafika hadi 2004, na ndani ya miaka hiyo yote kuna mhusika mmoja anayejirudia kwa sura mbalimbali: mtu mtulivu anayezijua akili za wenzake. Mara ni daktari wa akili hizo, mara ni mgonjwa.

Alizaliwa Praha tarehe 11 Septemba 1917, wakati mji huo ungali chini ya Austria na Hungaria, akiwa na jina refu la ukoo, Kuchačevič ze Schluderpacheru. Jina la aina hiyo halikai kwenye bango la sinema, na alilikata mapema. Kwao alionekana katika filamu ya Žena pod křížem mwaka 1937. Mwanzoni mwa 1939, Wanazi wakikaribia kuimeza Chekoslovakia, aliondoka kwenda Uingereza. Mpenzi wake aliyesafiri naye alizuiwa bandarini Dover kwa kukosa hati zilizotakiwa, akarudishwa, na baadaye akafa katika kambi ya Wanazi. Vita vilipoanza, Lom alifanya kazi katika matangazo ya BBC kwa nchi za Ulaya.

Hapo ndipo lilipo tatizo la kiufundi la maisha yake ya kazi: lafudhi. Mwigizaji aliyejifunza Kiingereza ukubwani ana njia tatu. Anaweza kujaribu kuifuta lafudhi yake, na hapo nguvu zote zinaishia kwenye matamshi, uso unabaki mtupu. Anaweza kuikuza, akawa kikaragosi cha mgeni. Au anaweza kuiacha ilivyo na kupunguza mwendo wa maneno, ili kila neno lisikike limechaguliwa. Lom alichukua hiyo ya tatu. Sauti yake ilikuwa nzito na laini, na alikuwa na tabia ya kuacha nafasi ndogo kabla ya neno lenye uzito. Msikilizaji wa Kiingereza alisikia mgeni bila kujua ni mgeni wa wapi. Ndiyo sababu watayarishaji waliweza kumfanya Mfaransa, Mgiriki, Mtaliano, Mwarabu au mtu wa nchi isiyokuwepo kwenye ramani, na hakuna aliyelalamika. Mcheki hawakumpa mara nyingi.

Mwaka 1942 akapewa Napoleon katika The Young Mr Pitt ya Carol Reed. Miaka 14 baadaye, katika War and Peace ya King Vidor, alipewa Napoleon tena, safari hii kukiwa na Audrey Hepburn na Henry Fonda mbele yake. Kucheza mtu yuleyule wa historia mara mbili, kwa waongozaji wawili wasiohusiana, ni dalili ya jinsi soko lilivyomwona: mfupi wa kutosha, macho makali, mamlaka bila kelele.

Filamu iliyomfungulia mlango ni The Seventh Veil ya 1945. Ann Todd anacheza mpiga piano aliyejaribu kujiua, na Lom ni Dokta Larsen, anayemtibu kwa kumtia usingizi wa hipnosi ili aeleze maisha yake. Filamu nzima inapita ndani ya kile kikao. Lom alikuwa na miaka 27 tu wakati wa kuicheza, akamcheza daktari aliyeonekana na uzoefu wa miongo. Tazama anavyofanya. Mwili hautikisiki. Anaposikiliza, hatikisi kichwa kila sentensi kama waigizaji wengi wanavyofanya kuonyesha kwamba wanasikiliza. Anamwangalia mgonjwa, na jicho linasogea pale tu aliposikia jambo jipya. Kamera ikija karibu, msogeo mdogo wa jicho unaonekana mkubwa kama mtu aliyeinuka kitini. Waigizaji wanaotoka jukwaani hukosea hapo: wanaleta mbele ya lenzi uso uliozoea kuonekana kutoka viti vya nyuma kabisa. James Mason ndiye aliyepata umaarufu mkubwa kwa filamu ile, na muswada ukapata Oscar. Lom akapata kitu kingine, yaani kila mtayarishaji wa London akajua kwamba kuna mgeni mmoja anayeweza kushikilia filamu kwa kukaa tu kwenye kiti.

Miaka miwili baadaye, katika Dual Alibi, alicheza mapacha wawili wa sarakasi, wale wa bembea za juu, wanaogombana kwa sababu ya tiketi ya bahati nasibu. Leo kompyuta inafanya kazi hiyo. Wakati ule njia ya kawaida ilikuwa hii: kamera inakazwa isitetereke hata kidogo, nusu ya lenzi inazibwa kwa kadi nyeusi, mwigizaji anacheza upande mmoja, filamu inarudishwa nyuma ndani ya kamera, kadi inahamishiwa upande wa pili, naye anarudi na nguo nyingine kumjibu mtu ambaye hayupo. Mambo matatu huharibu kazi. Kamera ikitikisika, mstari wa katikati unaonekana. Taa ikibadilika, upande mmoja unakuwa na giza. Na jicho la mwigizaji likilenga pembeni kidogo ya mahali alipokuwa amesimama mwanzo, ndugu hao wawili wanaongea kama vipofu, kila mmoja akiangalia bega la mwenzake. Mbali na ufundi huo kuna kazi ya kuwatenganisha mapacha bila kumpa mmoja kovu au ndevu. Huo ndio mtihani, na mwigizaji anayetegemea urembo wa nje hana la kufanya hapo.

Night and the City ya Jules Dassin, mwaka 1950, naiweka juu kabisa. Lom ni Kristo, Mgiriki anayetawala mchezo wa mieleka London. Baba yake, Gregorius, ni mwanamieleka mkongwe wa mtindo wa zamani, na anachezwa na Stanislaus Zbyszko, aliyekuwa mwanamieleka kwelikweli. Kristo ni jambazi, lakini mbele ya baba yake anakuwa mtoto. Mzee anapopigana kwa hasira na kufa, Lom hapandishi sauti. Anamwangalia baba yake, kisha anapowageukia watu wake, amri ya kumtafuta Harry Fabian, steringi wa filamu anayelaumiwa kwa kifo hicho, inatoka kwa sauti ileile ya mtu anayeagiza chai. Kichwa cha Fabian kinatangaziwa pauni 1,000. Ukifuatilia mantiki ya filamu, huyu "adui" ndiye mwenye haki ya kuwa na hasira, na steringi ndiye mhuni.

Katika miaka hiyohiyo Hollywood ilimtaka kwa mkataba wa filamu kadhaa, lakini viza ya Marekani ikakataliwa kwa sababu za kisiasa. Ulikuwa wakati wa kuwawinda watu wa mrengo wa kushoto. Pengine ndiyo bahati yake. Angekwenda huko mapema, nadhani angecheza maofisa wa Kijerumani mfululizo hadi uzeeni, kama ilivyowapata wakimbizi wengi wa Ulaya ya kati.

London ikampa badala yake The King and I. Ilifunguliwa Theatre Royal, Drury Lane, Oktoba 1953, Lom akiwa Mfalme wa Siam na Valerie Hobson akiwa Anna, na ikaendelea kwa maonyesho 926. Mfalme alikuwa na upara, kwa hiyo Lom alinyoa kichwa. Mwaka 1955 akaitwa studio ya Ealing kucheza The Ladykillers huku mchezo ule wa jukwaani ukiwa unaendelea usiku. Mhusika wake, Louis, ni jambazi wa kisasa mwenye suti nyeusi, na upara wa mfalme wa Asia haukumfaa. Wangeweza kumvika wigi. Wakamvika kofia, na akakaa nayo karibu filamu nzima, hata ndani ya nyumba ya bibi kizee mstaarabu ambamo mwanamume yeyote mwenye adabu angeivua mlangoni. Kasoro ya ratiba ikawa tabia ya mhusika: jambazi asiyejua adabu, anayewachukia wazee, amekaa na kofia kichwani kwenye sebule yenye vikombe vya maua. Wigi mbaya lingeonekana ni wigi. Kofia haikuhitaji maelezo.

Katika The Ladykillers ndipo alipokutana na Peter Sellers. Majambazi ni watano, chini ya Alec Guinness, wanajifanya kikundi cha wanamuziki wanaofanya mazoezi ghorofani huku gramafoni ikiwapigia muziki. Wanne kati yao, kila mmoja kwa namna yake, wanaonyesha kwamba wanajua wamo kwenye vichekesho. Lom hajui. Yeye yumo kwenye filamu ya ujambazi, ya kutisha, na amekwama na wapumbavu. Ukimtoa, filamu inakuwa nyepesi mno, hakuna anayeogopwa na kwa hiyo hakuna anayeokoka chochote.

Baada ya hapo kazi zikafululiza, na nyingine nitazipita haraka. Hell Drivers ya 1957 ilimpa Gino, dereva wa lori wa Kitaliano, mtu mwema asiye na hila, na inafaa kutazamwa na yeyote anayedhani Lom alijua vitisho tu. The Roots of Heaven ya John Huston, 1958, ilipigwa Afrika ya kati iliyokuwa chini ya Wafaransa, kwenye joto lililowaangusha wengi katika kikosi cha filamu. Humo Lom ni Orsini, mwindaji anayempinga mtu aliyejitolea kuwalinda tembo, na kwa msomaji wa Afrika ni ajabu kuona hoja ya pembe za ndovu ikijadiliwa zaidi na Wazungu huku wenye nchi wengi wakipita nyuma. Kwenye Spartacus ya 1960 ana nafasi ndogo tu, mjumbe wa maharamia wa Kilikia, lakini anaingia, anakaa kwa starehe, anafanya biashara, anaondoka, na umemkumbuka.

Mwaka uliofuata, kwenye El Cid, alikuwa Ben Yusuf, amiri aliyefunikwa nguo nyeusi na kitambaa usoni, sehemu kubwa ya filamu macho tu ndiyo yanayoonekana. Kisha 1962, studio ya Hammer ikamfanya The Phantom of the Opera, na safari hii kinyago kikamwachia jicho moja. Hapa kuna somo la vitendo. Mwigizaji akifunikwa uso, kishawishi cha kwanza ni kuongeza mikono na kupaza sauti. Matokeo yake ni mtu mwenye kinyago anayeonekana kama anaongoza magari barabarani. Lom alifanya kinyume. Alipunguza mwendo wa shingo, akaacha sauti ishuke, na jicho lile moja akalitumia kwa muda mrefu mahali pamoja. Mzuka wake ni mzee mwenye huzuni aliyeibiwa muziki wake. Waliokwenda kutafuta jinamizi walirudi wamemwonea huruma, na nadhani ndiyo sababu filamu haikuvuma kama Hammer walivyotarajia.

Mwaka 1963 akarudi kwenye kiti cha daktari. The Human Jungle, mfululizo wa televisheni ya Uingereza wenye vipindi 26, ulimpa Dokta Roger Corder, mtaalamu wa magonjwa ya akili. Ni Larsen yuleyule amezeeka: anasikiliza, anasubiri, anauliza swali moja fupi. Watazamaji wa Uingereza wakawa wanamwona kila wiki kama mtu wa mwisho duniani anayeweza kupoteza akili.

Na hapohapo, 1964, mwongozaji Blake Edwards akamwita acheze bosi wa Clouseau katika A Shot in the Dark. Dreyfus hakuwemo katika filamu ya kwanza ya Pink Panther. Alitungwa kwa ajili ya hii ya pili. Katika filamu hii Dreyfus ana daktari wake wa akili anayemweleza shida zake. Hebu fikiria mtazamaji wa London wa mwaka ule: Dokta Corder wa kwenye televisheni sasa amekaa upande wa pili, ndiye anayesimulia ndoto mbaya. Sijui kama Edwards alipanga hivyo. Hata kama hakupanga, sinema ilikuwa inakopa imani ambayo Lom alikuwa ameijenga tangu 1945, na ndiyo maana kuanguka kwa Dreyfus kuna kishindo. Mtu aliyejulikana kwa fujo akipandwa na wazimu, hatushangai.

Ule mchezo wa jicho haukuwemo kwenye muswada. Lom alieleza baadaye kwamba ulimtoka kwa wasiwasi wakati wa kupiga picha, Edwards akaupenda, ukabaki. Angalia ulivyowekwa katika filamu ile ya 1964. Jina la Clouseau linatajwa, Dreyfus anajizuia, mkono unatafuta kitu cha kushika, na kitu hicho ni kifaa cha kukatia sigara kubwa, chenye kisu, akili iko kwingine, kidole kinakatwa. Jicho linakuja kama alama ya shinikizo lililokosa pa kutokea. Lina sababu, kwa hiyo linachekesha kila likirudi.

Lakini kitu kizuri kikifanywa kuwa alama ya biashara kinaanza kuoza. Lom alimcheza Dreyfus katika filamu saba: 1964, 1975, 1976, 1978, 1982, 1983 na 1993. Mwaka 1975 bado mambo ni matamu, kuna bastola halisi na kiberiti cha umbo la bastola mezani kwake, na unajua kwamba siku moja atachanganya, na pua ndiyo itakayolipa. Mwishoni amefungwa mikono hospitalini na anaandika ukutani kwa vidole vya mguu kwamba Clouseau auawe. Mwaka 1976 amekuwa mtawala wa kasri mwenye mashine ya kufuta majengo duniani, na anapiga kinanda kikubwa kama yule mzuka wa Hammer. Halafu mashine yake inamfuta yeye mwenyewe, hayupo tena, na 1978 amerudi kazini kana kwamba hakuna lililotokea! Kufikia hapo waandishi walikuwa wameishiwa. Lom mwenyewe alilalamika kwamba mahali pasipo na tukio lililoandikwa vizuri, aliombwa tu akonyeze jicho, naye akawajibu kwamba wakiandika tukio zuri hatahitaji kukonyeza. Sellers alifariki mwaka 1980, na filamu ya 1982 ikaungwa kwa vipande vilivyobaki vya zamani. Ukitaka kuona tofauti kati ya jicho lenye sababu na jicho la kuagizwa, weka ya 1964 na ya 1982 jioni moja.

Miaka ya 1970 ilikuwa pia miaka ya filamu za kutisha za bajeti ndogo, na sitajifanya zote ni nzuri. Mark of the Devil, iliyopigwa Austria, iliuzwa Marekani kwa kuwagawia watazamaji mifuko ya kutapikia. Lom yumo, ni mwindaji wa wachawi, na anacheza kwa uzito uleule ambao angempa Tolstoy, mwandishi wa War and Peace. Katika Asylum ya 1972 ni daktari aliyelazwa pamoja na wagonjwa, anatengeneza vidoli vyenye sura yake. Daktari na mgonjwa katika mtu mmoja, kwa mara nyingine. Mwigizaji wa nafasi hizi huishi kwa kukubali kazi. Wiki chache hapa, wiki chache pale, mara nyingi bila kuona muswada uliokamilika. Kinachomlinda ni kutoidharau filamu akiwa ndani yake, maana kamera huona dharau haraka kuliko inavyoona kipaji kidogo.

Kisha David Cronenberg akamwita kwa The Dead Zone, 1983. Lom ni Dokta Sam Weizak, anayemtibu kijana aliyetoka kwenye usingizi wa miaka mingi na uwezo wa kuona mambo kwa kumgusa mtu. Kijana anamshika mkono, anaona vita Ulaya, mtoto anatenganishwa na mama yake, kisha anamwambia daktari kwamba mama yule yu hai. Weizak anapata namba, anapiga simu, anasikia sauti ya mama yake, na hajitambulishi. Hakuna jicho linalocheza hapo, na sauti haipandi. Kwa mtu aliyeivuka bahari mwaka 1939 na kumwacha mwenzake ng'ambo, hakuna mwongozaji aliyehitaji kumweleza tukio lile linahusu nini.

Nafasi yake ya mwisho kwenye skrini ilikuwa ya mzee wa Kifaransa katika kipindi cha Miss Marple kilichorushwa mwaka 2004, akiwa na miaka 87. Alifariki London tarehe 27 Septemba 2012.

Anayefuatilia Wacheki wa leo atamkuta Karel Roden, mzaliwa wa České Budějovice mwaka 1962, na njia yake ni ya upande wa pili kabisa. Lom alizifuata filamu. Kwa Roden, nyingine zilikuja nyumbani, kwa kuwa baada ya ukomunisti studio za Barrandov na mitaa ya Praha zilijaa wageni waliotafuta Ulaya ya bei nafuu. 15 Minutes ya 2001, pamoja na Robert De Niro, ilimpa jambazi wa Kicheki aliyefika New York. Blade II na Hellboy, ambamo ni Rasputin, zilipigwa Praha. The Bourne Supremacy na RocknRolla zikamfanya tajiri wa Kirusi, Orphan ikamfanya daktari wa Estonia. Shida ni ileile ya Kristo na Ben Yusuf: mara nyingi Mcheki anaruhusiwa kuwa kila mtu isipokuwa Mcheki. Ila Roden ana soko la kwao, na huko mwaka 2016 alimcheza Jan Masaryk, mwanadiplomasia wa Chekoslovakia ambaye wakati wa vita aliwahutubia wananchi wake kutoka London kupitia BBC, kituo kilekile kilichompa Lom kazi. Katika filamu hiyo Masaryk yuko hospitali ya wagonjwa wa akili Marekani. Roden alipata tuzo ya Simba wa Cheki kwa nafasi hiyo.

Kwa anayetaka kuanza kumtazama Lom, mpangilio wa miaka si mzuri, filamu za mwanzo zinahitaji subira. Anza na The Ladykillers, kisha A Shot in the Dark, kisha rudi nyuma kwenye The Seventh Veil ukiwa tayari unajua daktari yule atakuja kuwa nani. Night and the City iache ya nne. Za Dreyfus za 1982 na 1983 unaweza kuziruka zote mbili.